Nguchiro na Makalavati ya Bwana Kifaru

Hapo zamani za kale, wanyama walipokuwa na vijiji na mahakama zao, Bwana Kifaru alipewa kazi ya kujenga barabara ya kijiji cha Bondeni.

Akajenga. Tii! Tii! Akashindilia kifusi mpaka barabara ikainuka kama tuta. Lakini hakuchimba mtaro, wala hakuweka kalavati hata moja la kupitisha maji.

Masika yakaja. Mvua ikapiga siku tatu, pwaa! pwaa! Maji yaliyozoea kwenda mtoni yakagota barabarani, yakarudi nyuma, yakaingia mashimoni mwa wakazi. Nyumba ya Nungunungu ikabomoka. Ghala la Panya likaoza. Na Mama Nguchiro, aliyetoka kutafuta chakula, alirudi akakuta shimo lake limejaa, na mwanawe wa pekee, Siwema, anaelea.

Majirani wakamsaidia kuzika. Kisha Nguchiro akaenda mahakamani kwa Jaji Nyati, wakazi wote nyuma yake.

"Unadai nini, mama?"

"Nadai maji yapewe njia, mheshimiwa. Si kwangu tu. Ni kwa kaya zote za Bondeni."

"Nani kamtuma awasemee wengine?" Kifaru akafoka. "Na makalavati yapo! Matano! Nimeyafukia mwenyewe. Wameyaziba kwa takataka zao!"

"Mafuriko hayakuchagua nyumba," akasema Jaji. "Ana haki ya kuwasemea. Ila, mama, una ushahidi gani kwamba makalavati hayapo? Siwezi kubomoa barabara kwa maneno matupu."

Nguchiro akawatazama wakazi wenzake. Kifusi kile kilikuwa kigumu kama jiwe. Kucha zao ndogo zisingekichimbua. Akafuta machozi.

"Bwana Kifaru asemayo ni kweli," akasema polepole. "Makalavati yapo. Siwema wangu alijificha mvua ndani ya kalavati la tatu. Maji yakambana humo, akafa."

Wakazi wakatazamana. Wao ndio waliomtoa mtoto yule shimoni kwa mama yake. Hakuna aliyefungua kinywa.

Jaji akamgeukia Kifaru. "Kumbe! Umejenga kalavati bila kinga, na mtoto kafia humo? Basi hii ni kesi ya mauaji. Twende ukatuonyeshe."

Jasho likamtoka Kifaru, tiriri! "Mauaji? La, mheshimiwa! Hakuna aliyefia humo!"

"Unajuaje?"

"Hakuna kalavati la tatu!"

"Na la pili?"

"Halipo! Hakuna hata moja, naapa kwa pembe yangu! Huyo mtoto angeingia wapi?"

Kifaru akajiziba mdomo, lakini neno lilikwisha kutoka.

"Nimekudanganya, mheshimiwa," akasema Nguchiro. "Mwanangu alifia nyumbani, pale alipokuwa amelala. Niadhibu ukipenda. Lakini umemsikia."

"Nimemsikia," akasema Jaji. Akamwamuru Kifaru aitoboe barabara mahali patano kwa pembe yake mwenyewe, na ajenge makalavati ya kweli.

Maji yakashuka mtoni, chururu, chururu. Bondeni wakapiga vigelegele.

"Mama Nguchiro," wakasema, "tukuchimbie shimo jipya. Liwe kubwa kiasi gani?"

"Dogo tu," akajibu. "La mtu mmoja."

Basi wanangu, mwenye nguvu akisema uongo, mpeni nafasi aendelee kusema: ulimi wake ndio utakaomfunga.