Diwani na Maji ya Kunawa

Alikuwepo mchekeshaji mmoja wa televisheni. Kila wiki alijifunga mto tumboni, akavaa koti, akawa Diwani Shibe, mla cha wanyonge. Kichekesho chake kikubwa kilikuwa hiki: akifika kwa mtu, hasalimii. Ananyoosha mikono anawishwe, na anayemmiminia maji hamtazami. Anafoka tu, "Mbona ya baridi? Unamnawisha diwani au unaosha viazi?" Watu hoi kwa kicheko. Hata madiwani walicheka, kila mmoja akimfikiria mwenzake.

"Mtu huyu ulimtoa wapi?" walimuuliza.

"Kichwani tu," akajibu.

Miaka ikaenda, akachoka naye. Na nyumbani mkewe alikuwa ameanza kula jikoni peke yake. Mume akadhani ni kwa sababu ya Diwani na safari zake. Akaamua kumzika ili mke arudi mezani. Siku ya kuaga akaufungua mto mbele ya kamera, akaulaza chini. "Diwani amefariki," akasema. "Rambirambi msilete, atazila." Nchi ikacheka, ikafuta machozi.

Akarudi nyumbani mwepesi. "Mama Sekela, nimemwacha kule kule! Leo tule wote."

"Kweli, baba?" Mke akapakua ugali na mlenda, akaleta jagi na beseni. Mume alikuwa amekodolea macho televisheni, akijitazama anavyoaga. Akanyoosha mikono. Maji yakamgusa.

"Mbona ya baridi?"

Mke akaweka jagi chini, taratibu.

"Baba Sekela, kule umeacha mto. Watu wote walikuuliza Diwani ulimtoa wapi. Mimi sikuuliza." Akachukua sahani yake, akaenda jikoni.

Haya, mbona mmenyamaza? Si mlikuwa mnacheka sasa hivi?

Sisi nasi tunajua kuaga hadharani. Tunasimama hapa mbele: nimeacha ulevi, nimeacha umbea, haleluya, makofi. Aliyeko nyumbani ameulizwa? Wewe mzee mwenye Biblia mapajani, jana aliyekunawisha ulimwona uso? Na sisi akina mama tusijifanye malaika. Yule binti wa kazi tunamnyooshea mikono vilevile, na jina lake wengine hatulijui vizuri.

Mungu hakai kwenye makofi. Anakaa pale penye beseni, anasikiliza tunavyosema.

Tukitoka hapa tunaenda kula. Maji yatamiminwa. Tuinue macho.