Nusu ya Bibi Ingegerd

Kaeni mkao wa kula, maana kisa cha leo ni cha jikoni, na atakayesinzia ataamka mkono mtupu.

Huko Uswidi, kaskazini kabisa, ambako wakati wa baridi jua huchungulia kidogo tu kisha likarudi kulala, palikuwa na nyumba ya wageni ya ajuza mmoja, Bibi Ingegerd. Jikoni mwake walifanya kazi watu watatu, kila mmoja na kipawa chake. Nils, mzaliwa wa hapo hapo, alikuwa na pua: akimnusa samaki angekwambia alivuliwa siku gani. Lihua, aliyetoka kaskazini ya China, alikuwa na vidole: alisukuma unga ukawa mwembamba hata mwanga ukapita. Wa tatu ni Mwanakheri, mama wa Pangani, muosha vyombo. Huyo alikuwa na macho. Sahani ikirudi kwake, alijua mlaji amependa nini, amechukia nini, na kama amegombana na mkewe. Msidhani namsifu kwa kuwa ni wa kwetu. Ngojeni kwanza.

Mwaka mmoja, baridi ilipoanza kubisha hodi, mumewe Bibi, mzee Torsten, alifariki. Tangu hapo Bibi akaacha kula. Alikonda mpaka pete ikawa inamvuka kidoleni. Daktari hakumumunya maneno: asipoanza kula wiki hii, hatauona mwisho wa baridi.

Bibi akawaita wale watatu. "Sina mtoto," aliwaambia. "Kila ninachotia mdomoni ni majivu. Atakayenirudishia hamu ya kula, jiko hili litakuwa lake, yeye peke yake."

Jiko lile kila mmoja wao alilitamani, nisiwafiche. Lakini niwape haki yao: walimwaza Bibi kwanza.

Nils akaanza. Alitoboa barafu ya ziwa, akavua samaki, akamkausha kwa moshi wa kuni. Akamchambua miiba mmoja mmoja, akamtilia yale majani membamba yanayonukia ambayo Waswidi hawaoni raha ya samaki bila hayo. Bibi alionja, akatokwa machozi. "Hiki ndicho alichokipenda Torsten," akasema, akaisukuma sahani. Hata hivyo, ulimi ulikuwa umeanza kutambua kitu.

Lihua akashika pale Nils alipoachia. Alimchukua samaki yule yule, akamwongezea tangawizi na kitunguu cha majani, akamfunga ndani ya vifuko vidogo vya unga. Akavitandaza nje kwenye theluji vigande, kama bibi zake walivyofanya, kisha akavichemsha. Kwa mchuzi wa kuchovyea akachanganya siki nyeusi ya kwao na vitunda vyekundu vikali vya msitu wa Uswidi. Enyi wenzangu, harufu ile ingemwamsha aliyezimia. Bibi aliinua kichwa, akachovya ncha ya kidole, akalamba.

"Huyu ni Torsten," akasema, "lakini amesafiri."

Akakikata kifuko kimoja katikati, akakaa akikitazama. Lihua kwa furaha akamwongezea vingine kumi. Kwao, mgeni akiimaliza sahani, mwenyeji ameaibika. Bibi naye alilelewa kwamba kilichowekwa sahanini lazima kiishe. Alipouona mlima ule, akaweka kisu chini.

Sahani ikafika kwa Mwanakheri. Hakuiosha.

"Nils, hebu njoo uone. Hiki kimekatwa katikati. Mkate wa jana nao vivyo hivyo, na kiazi cha juzi pia."

"Mzee huyo, dada. Mkono hauna nguvu."

"Mkono usio na nguvu haukati sawasawa hivi. Huyu anamgawia mtu."

Hapo Nils akaeleza. Kwao kipande cha mwisho hakuna anayekichukua. Mtu hukata nusu, mwenzake naye hukata nusu ya nusu. Bibi na Torsten walifanya hivyo miaka hamsini, wakikata na kucheka mpaka inabaki chembe. Sasa kila kipande kwa Bibi kilikuwa cha mwisho, na hapakuwa na wa kumwachia nusu.

Mwanakheri hakupika kitu. Alifuta mikono, akaweka kifuko kimoja tu sahanini, akaenda kuketi kwenye kiti cha marehemu. Nils na Lihua walishika vichwa. Bibi akakata katikati, kama kawaida yake. Mwanakheri akachukua nusu moja, akala.

"Bibi, yako inapoa."

Bibi alimtazama. Kisha akala. Akatafuna polepole, akameza, akauliza, "Kimebaki kingine?"

Basi akala siku ile, akala na siku zilizofuata, na theluji ilipoyeyuka alikuwa akitembea mwenyewe hadi ziwani. Ahadi ni deni. Akawaita, akauweka ufunguo wa jiko mezani.

"Bila samaki wangu ulimi usingekumbuka kitu," alisema Nils.

"Ulikumbuka, ukakataa," alijibu Lihua. "Mimi ndiye niliyemfanya atake kuonja. Na dada Mwanakheri, nakuheshimu, lakini hukupika hata yai."

"Sikupika," alisema Mwanakheri. "Nyinyi mlipika, na sahani zikarudi kwangu na chakula chake."

Hakuna aliyesema uongo, na ndiyo shida yenyewe. Bibi aliwatazama mmoja baada ya mwingine. Alijua mafahari wawili hawakai zizi moja, na kwamba yeyote atakayemnyima huenda akafunga mizigo. Mkono wake ukabaki juu ya ufunguo, na hadi ninapowaacha haujaondoka.

Msinijibu kwamba wagawane. Neno la Bibi lilikuwa la mtu mmoja. Je, wewe ungeamua vipi? Taja jina. Kisha uniambie, wale wawili waliomponya pamoja na mwenzao, ungewatazamaje machoni?