Atakayekutwa Ndani

Rufaa ya Bi Siwatu kuhusu nyumba yake ilipangwa kusikilizwa Ijumaa, lakini tajiri Kizamba, aliyeshinda kesi ya awali na kupata amri ya kumtoa, hakuwa na subira. Jumatano alimtangulia dalali wa mahakama, aje ajionee bibi akitupwa nje.

“Leo unahama, bibi!”

“Nahama, baba. Ila mgeni haondoki kwangu na njaa. Vua viatu, ule.”

Kizamba akavua viatu, akavua na koti kwa joto, akaivamia mihogo ya nazi. Bi Siwatu akatoka kufagia uwanja.

Dalali akafika na askari wawili. Alikuwa mgeni, hakumjua yeyote. Akasoma amri: “Atakayekutwa ndani atolewe.”

“Yumo,” alisema Bi Siwatu. “Mbishi huyo! Atawaambia nyumba ni yake.”

“Nyumba hii ni yangu!” alifoka Kizamba akiburutwa, muhogo ukimtoka mdomoni.

“Wote husema hivyo,” dalali alijibu, akagonga mhuri: IMETEKELEZWA.

Kizamba alipomwonyesha hati ya hukumu yenye jina lake, dalali alijikuna kichwa.

“Samahani, mzee. Amri ikishagongwa mhuri imekwisha. Kaombe nyingine, wiki mbili hivi.”

Bi Siwatu akamletea tajiri viatu vyake.

“Pole, baba. Kata rufaa.”