Binti Mrutu na Jina la Jalala

"Apendwaye mno huitwa Jalala." Methali hii ilianza hivi. Na ninyi wa kidato cha kwanza, mliomsikia mpishi akiitamka asubuhi mkacheka mpaka uji ukawatoka puani, sogeeni. Mimi ndiye mzee wa bweni hili. Nimefika kidato cha nne nikiwa na meno yangu yote, na kwa chakula cha hapa hilo si jambo dogo.

Huko milimani aliishi Mzee Mrutu na mkewe, pamoja na binti yao wa pekee. Binti alikuwa mzuri, mchapakazi, na akiimba kisimani watu husahau kilichowaleta. Jina lake Jalala. Halikuwa la utani; ndilo walilomwita wazazi wake, na ndilo mwalimu aliloita darasani.

Kijana wa ng'ambo ya bonde, Sengondo, akataka kumwoa. Kwao hapakuwa na posa bila upelelezi, na mpelelezi wa ukoo alikuwa shangazi yake, Bi Nakijwa, mwanamke aliyenusa hata chai aliyoipika mwenyewe. Aliposikia jina la mchumba akaweka kikombe chini.

"Mtu hamwiti mwanawe jalala bure," akasema. "Hapo pana jambo."

Akaenda kwa akina Mrutu akijidai anatafuta mbegu za maharage. Alipokaribishwa akamsifu binti kwa makusudi. "Mna mtoto mzuri, dada."

Mama akajibu upesi, kwa sauti ya kufika kwa jirani, "Huyu? Huyu hafai kitu."

Chakula kikapakuliwa. Mama akasema, "Jalala mpeni mfupa." Shangazi akachungulia bakuli la binti: chini ya mfupa palikuwa na mnofu mwingi kuliko wa mgeni. Hapo shaka ikapanda kichwani. Watu wanaomtukana mtoto hadharani na kumlisha kwa siri, wanaficha nini?

Wakati wa kurudi akampitia Bibi Nambike, jirani wa siku nyingi, akampa ugoro, akamchokonoa. Bibi akasema, "Mimi ndiye niliyemwokota jalalani, mchanga kabisa." Akafunga mdomo, na ugoro akabaki nao.

Basi shangazi akarudi na hukumu: binti ni wa kuokotwa, asili yake haijulikani, posa ife. Sengondo akamsihi mpaka akakubali kwamba kwanza wakaulize.

Wakakutana uani kwa Mzee Mrutu, wazee wa Sengondo na Bibi Nambike wakiwapo. Shangazi hakungoja hata maji.

"Shemeji, binti huyu aliokotwa. Nasema uongo?"

Mzee Mrutu akatazama fimbo yake.

"Si uongo," akasema Bibi Nambike. "Nilimwokota mimi."

"Nani alimtupa?"

Bibi akatoa ugoro wake, akanusa. Hata kuku walionekana kuwa wameapishwa.

"Sawa," akasema shangazi. "Mnajua mnachoficha. Lakini kijana wetu amekwama hapa, kwa hiyo mbadilisheni jina. Aitwe Johari, jina la heshima, nasi hatutauliza tena."

Mama akasimama. "Hilo hapana."

"Kwa nini? Kuna nini katika jina zuri?"

Mama akatazama migombani, mahali pasipolimwa. Jalala akamshika mkono.

"Sema, mama. Nimeshakua."

"Johari alikuwa wa kwanza," akasema mama polepole. "Yumo pale migombani. Aliyemfuata nilimwita Lulu, naye yumo pale. Kila jina zuri nililotamka, mauti yalilisikia. Huyu alipozaliwa nikafanya kama wafanyavyo wazee wetu: nikamlaza jalalani kabla sijamnyonyesha, nikaingia ndani. Nambike akapita, akamwokota, akaja mlangoni. 'Mama, nimeokota taka, niiweke wapi?' Nikamwambia, 'Tupa hapo.' Nikageukia ukuta, maana sikuruhusiwa kufurahi. Tangu siku hiyo sijamsifu mwanangu, hata mara moja. Na leo mmenifanya niseme; mauti yakisikia, ni juu yenu."

Ng'ambo ya bonde hawakuwa na desturi hiyo. Wazee wa Sengondo wakainamisha vichwa. Sengondo akanong'ona, "Shangazi, tuseme nini?"

Shangazi akamtazama yule binti kuanzia kitambaa cha kichwani hadi vidole vya miguu, na mama akasubiri kusikia kama mwanawe ameachwa. Kisha shangazi akageukia migombani, akapaza sauti kama anayegombana na mtu aliye mbali.

"Nimemwangalia vizuri. Hafai kitu. Ni taka tupu, wala hakuna mwingine atakayemtaka." Akashusha pumzi, akavuta kigoda karibu na mama. "Tutamchukua hivyo hivyo, dada, na jina lake hilo hilo."

Mama akajifunika uso kwa khanga, na safari hii hakugeukia ukuta.

Apendwaye mno huitwa Jalala.