Nakunda na Mfagiaji wa Stendi

Mwanamke mmoja, jina lake Nakunda, alikuwa na kamera, na moyo uliovutwa na watu wasiotazamwa. Wenzake walitengeneza filamu za majumba na mapenzi. Yeye alimfuata mchimba makaburi, akamfuata mtapisha vyoo, akamfuata mama mmoja aliyekamata nyoka kwenye mashamba ya mkonge. Wenye kumbi za sinema walimwambia kwamba hakuna atakayeketi kutazama kitu anachokikwepa njiani. Hakubishana nao. Alitafuta shuka jeupe na jenereta, akawa anazionyesha filamu zake mwenyewe kwenye viwanja vya minada, mji kwa mji. Mara nyingine walikuja watu wachache, tena wakaondoka kabla ya mwisho. Iliuma. Lakini njia yake hakuibadili.

Ikawa, katika stendi ya Korogwe, akamwona mtu aliyevaa magunia akifagia tangu alfajiri, bila kutumwa na yeyote. Watu walimwita Chizi. Walimrushia maganda ya machungwa, naye akayafagia. Nakunda alikaa karibu naye masika yote, akiinasa mikono yake, na jinsi alivyoufunika uso wake kila basi la Handeni lilipoingia.

Hata dada yake alimcheka. "Yaani Nakunda, umeishiwa watu mpaka unampiga picha chizi?"

Filamu hiyo ikafika Handeni siku ya mnada. Shuka lilitundikwa kwenye ukuta wa ghala, jenereta likanguruma, na mfagiaji alipotokea tu, umati ukaangua kicheko. Nakunda aliinamisha kichwa. Ndipo bibi kizee mmoja, Bi Mwanahawa, akainuka, akaenda akalishika lile shuka kwa mikono miwili, na uso wa yule mtu ukang'aa juu ya kanga yake.

"Msicheke," alisema. "Huyo ni Mhina. Nimemzaa mimi. Alipotea, nikadhani amekufa, hata nikamsomea hitima."

Kicheko kikakatika.

Kulipokucha, wafanyabiashara wa mnada walimpakia bibi huyo kwenye lori la ng'ombe, wakaandamana naye hadi Korogwe, Nakunda kati yao. Mama alisimama katikati ya stendi akaita, mara moja tu. Yule mtu aligeuka. Ufagio ukamponyoka, akatamka neno ambalo stendi nzima haikuwahi kumsikia akilitamka: "Mama." Wauza matunda wakapiga vigelegele, madereva wakabonyeza honi zote kwa pamoja, na waliozoea kumrushia maganda hawakujua waiweke wapi mikono yao. Nakunda alilia huku akicheka, kamera ikining'inia shingoni. Siku hiyo alisahau hata kuiwasha.

Habari ikavuka miji, na kumbi zilizomkataa zikaionyesha filamu hiyo, zikajaa hadi watu wakasimama milangoni.

Nanyi mlioketi hapa: leo njiani, mmempita nani ambaye mahali fulani mama yake angali akimlilia?