Tonge la Kunguru

"Paukwa!"

"Pakawa."

Hiyo ndiyo pakawa? Mimi nimesikia paka akikohoa tu. Najua mna njaa. Maharage yako jikoni, na hata yakiiva hayapakuliwi mpaka babu yenu arudi msikitini. Ndiyo adabu ya nyumba hii. Basi tuudanganye utumbo kwa maneno. Paukwa!

"Pakawa!"

Naam, sasa nyumba imeitika. Mize, wewe mdogo, sogea hapa magotini kwangu. Kombo, acha kuchokonoa moto. Hadithi ya leo haichekeshi. Anayetaka ya sungura akalale.

Hapo kale, ng'ambo ya bahari, huko Bara Hindi walikotoka kunguru hawa hawa wanaotuibia dagaa, palikuwa na kijiji cha wafinyanzi. Mfinyanzi mmoja alikufa, akaacha mke na mtoto. Mke jina lake Revati. Mtoto jina lake Chandri, msichana, umri wake kama Mize.

"Na meno yalikuwa yameng'oka?"

Mawili, ya mbele. Sasa sikilizeni. Watu wa kijiji kile walikuwa na desturi yao. Ikifika siku ya kumkumbuka marehemu, mjane hupika wali, huufinyanga matonge matatu, huyaweka kwenye jani la mgomba juu ya ukuta wa ua, kisha humwita kunguru. Kunguru akila, marehemu amekula. Kunguru asipokula, marehemu ana njaa huko aliko. Na kabla kunguru hajala, nyumba nzima haili. Kombo, usicheke. Kila nyumba ina desturi yake, na ya mwenzio ndiyo huonekana ya ajabu.

Mwaka ule mvua haikunyesha. Mto ukawa njia ya mbuzi. Vyungu vilikaa bila mnunuzi, maana nani atanunua chungu naye hana cha kupika? Ndege wakahama. Watu wakala mizizi, kisha wakala majani, kisha wakanyamaza. Ikafika siku ya kumkumbuka yule mfinyanzi. Revati alikuwa na kikombe kimoja cha mchele, cha mwisho, alichokificha kwa ajili ya siku hiyo. Na Chandri alikuwa hajala tangu juzi.

"Kwa nini hakumpa?"

Msimwone mjinga. Alimpenda mumewe. Kila akifumba macho alimwona anatangatanga na njaa, mahali pasipo na jiko wala mtu wa kumwambia karibu. Basi akapika, akafinyanga, akaweka ukutani, akaimba:

Kunguru njoo, kunguru njoo,
tonge lako liko juu.
Ukila wewe, baba kala,
baba akila, nasi tule.

Imbeni nami. Haya. Kunguru hakuja.

"Mama, nina njaa," akasema Chandri.

"Subiri, mwanangu. Kunguru hajala. Wewe wafukuze sisimizi, nami nikawaulize wenye elimu."

Nchi ile haikuwa na uhaba wa wenye elimu. Mvua haipo, wenye elimu wapo. Kila mmoja alikuwa na njia yake ya kuujua ulimwengu, na wanafunzi wake wa kumwitikia naam.

Wa kwanza aliitwa Mzee wa Moshi, kwa sababu somo lake lilikuwa moja: ukiona moshi mlimani jua pana moto, hata kama moto wenyewe huuoni. Revati akamwinamia mpaka miguuni.

"Mwalimu, kunguru haji, na mtoto wangu ana njaa."

Mzee wa Moshi akafumba macho. "Hakuna jambo lisilo na sababu. Kunguru haji, basi marehemu amekasirika. Mumeo alikufa na kinyongo. Rudi ukamwombe radhi."

Revati akarudi mbio. Akaomba radhi kwa mchuzi aliouzidisha chumvi. Akaomba radhi kwa maneno ya asubuhi fulani, na kwa chungu alichokivunja wakigombana. Akaimba. Kunguru njoo, kunguru njoo. Kunguru hakuja.

"Mama, baba hakuwa na hasira," akasema Chandri, na sauti yake ilikuwa imeshuka. "Mimi nina njaa."

"Subiri, mwanangu. Kunguru hajala."

Wa pili aliitwa Mzee wa Ndoto. Alikaa pangoni juu ya kilima, na Revati alikipanda kilima kile jua likiwa la utosi.

"Mama," akasema Mzee wa Ndoto, "umewahi kuota umeumwa na nyoka? Ulipoamka, jeraha lilikuwa wapi? Kunguru ni ndoto. Wali ni ndoto. Njaa ni ndoto. Kweli ni moja tu, nayo haili wala hailiwi. Kamwambie mtoto aamke."

Aliyasema kwa upole, machozi yakimlenga kwa uzuri wa maneno yake mwenyewe. Na Revati yakamwingia. Alishuka kilima moyo umepoa.

Akamkuta Chandri amelala chini ya ukuta, na kijiti chake cha kufukuzia sisimizi mkononi.

"Mwanangu, mwalimu anasema njaa ni ndoto."

"Na wali?"

"Wali nao ni ndoto."

"Basi nipe huo wa ndoto, mama."

Hapo Revati akanyoosha mkono mpaka kwenye jani la mgomba.

"Ampe! Bibi, mwambie ampe!"

Ningeweza kumwambia, Kombo, ningemwambia. Mkono ulifika kwenye jani ukarudi. Alimkumbuka mumewe na njaa yake. Akasema, "Subiri kidogo tu, mwanangu. Nimebakiza mmoja wa kumwuliza."

Wa tatu aliitwa Mzee wa Macho, na huyu hakupendwa. Alikaa nje ya kijiji, karibu na mahali wanapochomea maiti zao, kwa sababu alisema haamini asichokiona. Mtu, alisema, ni udongo na maji na moto na upepo. Vikiachana, habaki wa kula wala wa kukasirika. Akipita, watu waliwaziba watoto wao masikio.

"Mumeo unamwona?" akamwuliza Revati.

"Simwoni, mwalimu."

"Mtoto unamwona?"

"Namwona."

"Basi mpe wali unayemwona."

Hayo tu. Revati akainuka, na miguu ikawa miepesi. Lau angekimbia saa ile, hadithi hii ningekuwa naisimulia kwa kucheka.

Lakini Mzee wa Moshi na Mzee wa Ndoto walikuwa wamesikia anakokwenda, wakamfuata na wanafunzi wao. "Mwongo huyu!" wakapiga kelele. "Anawanyima wafu chakula chao!"

Mzee wa Macho akafurahi, macho yakamng'aa. Miaka mingi alikuwa hajapata wa kubishana naye. Akamwambia Revati, "Kaa, mama, uwe shahidi wangu. Uone ninavyowanyoa bila maji." Na katika kijiji kile mtu hainuki walimu wakisema. Revati akaketi.

Wakabishana. Huyu akitupa neno, yule analidaka. Wanafunzi wakipiga makofi. Jua likapinda. Kisha Mzee wa Ndoto akauliza kwa upole wake, "Wewe huamini ila unachokiona. Haya, nionyeshe njaa ya huyo mtoto. Ina rangi gani? Ina pembe ngapi?"

Swali likamnasa Mzee wa Macho. Maana njaa haionekani. Zinaonekana mbavu. "Swali zuri," akasema, akaketi kufikiri. Wote watatu wakainamisha vichwa kufikiri, na Revati katikati yao, mikono magotini.

Huyo wa tatu ndiye anayenitia hasira zaidi. Wale wawili hawakujua. Yeye alijua, na bado akapenda kushinda kuliko mtoto kula.

Vivuli viliporefuka Revati akainuka bila ruhusa, akakimbia. Kwa mbali akasikia makofi uani kwake. Majirani wamejaa. "Kunguru kala!" wakamwambia. "Furahi, Revati! Mumeo kapokea!"

Kweli, ukutani palikuwa na kunguru mmoja, manyoya yamemnyonyoka, anameza tonge la pili. Na chini ya ukuta alikuwa Chandri, macho wazi, mkono umenyooshwa juu.

"Amelala, Bibi?"

Hapana, Mize. Amekufa.

Revati hakulia. Alimtazama kunguru. "Nani aliyekutuma?"

"Njaa," akajibu kunguru. "Wenzangu wote wamekufa njiani. Nimeruka tangu alfajiri natafuta punje."

"Mume wangu hukumwona?"

"Mumeo simjui. Nimemkuta mtoto. Akaniambia, karibu ule, ukila wewe nasi tutakula. Nikala la kwanza. Akafurahi, akanyoosha mkono. Mkono haukufika."

Lilibaki tonge moja. Majirani wakasema, liache, ni la kunguru. Revati akalichukua. Miongoni mwa waliokuwa wakipiga makofi alikuwamo mtoto wa jirani, tumbo limembonyea, anapiga asijue anapigia nini. Revati akamtia lile tonge mkononi. Mama yake akashtuka. "Dada Revati, kwani imeruhusiwa?"

"Ale," akasema Revati. "Akimaliza, mniulize."

Na wale wazee? Nasikia wangali wameketi pale pale, wanaulizana njaa ina rangi gani.

Haya, nani ana la kuuliza?

"Bibi," anasema Mize, "na sisi tunamngoja babu, siyo?"

Ndiyo, mwanangu. Adabu.

"Babu ana njaa?"

Babu alikula muhogo alasiri, nilimwona kwa macho yangu. Na haya maharage, semeni mniaibishe, yameiva tangu Mzee wa Moshi. Niliyasikia harufu nikaendelea na hadithi, kwa kuwa ilikuwa inanoga. Bibi yenu naye mjinga.

Leteni sahani. Ya babu tutaifunikia kawa, akirudi ataikuta na heshima yake ataikuta. Mshike neno hili: aliye na njaa mbele yako mpe kwanza, kisha bishana, maana ubishi una kesho na njaa haina. Hadithi yangu naiacha hapo, chini ya ule ukuta.

Wa kwanza Mize. Kula, mama, usimngoje mtu.