Posa Iliyochemkia Njiani

Wahenga hawakuwa watu wa maneno mengi. Kwa mwenye pupa walitenga maneno mawili tu: kawia ufike. Maana yake ni nyepesi kuisema na nzito kuishika: afadhali uchelewe lakini ufike unakokwenda, kuliko ukimbie ukaishie njiani. Wengi wetu tukiisikia methali hii huitikia kwa kichwa, kisha tukitoka nje tunakimbia vilevile. Bi Sikudhani wa Mlandizi hakuwa katika wengi hao, na Yassin, mtoto wa kaka yake, anakiri hadi leo kwamba kama si shangazi yake huyo, pengine angekuwa bado kapera.

Bi Sikudhani alikuwa mama lishe. Kila alfajiri alipakia masufuria katika gari kuukuu aliloachiwa na marehemu mumewe, akaenda Kwala kuwauzia chakula wafanyakazi wa viwandani na wa bandari kavu. Alikuwa mwanamke mnene wa polepole, asiyepaza sauti wala kuharakisha mkono. Wateja walimtania wakamwita Mama Taratibu, lakini meza yake ndiyo iliyokuwa na foleni ndefu kuliko zote, kwa sababu wali wake haukuwahi kuwa na kiini wala kuungua. Ndiye aliyemlea Yassin tangu baba yake alipofariki, na Yassin alipompenda Kudra, binti wa Maneromango aliyefanya kazi katika kiwanda kimoja pale Kwala, shangazi alikuwa wa kwanza kuambiwa.

Safari ya kwanza ya kupeleka posa iliongozwa na Maulidi, baba mdogo wa Yassin, mtu wa maneno matamu na mguu usiobanduka kwenye mafuta. Alishika usukani akaliendesha gari la dada yake kama anayefukuza mwizi. Walipoanza kupanda vilima vya Kisarawe, mshale wa joto ulipanda nao.

"Tutafika tu," Maulidi alisema, akakanyaga mafuta.

Hawakufika. Kabla ya kijiji cha Masaki gari lilichemka, mvuke ukafoka kama chungu kilichosahauliwa motoni. Yassin aliruka chini, akashika kitambaa, akafungua papo hapo mfuniko wa rejeta, tangi la maji ya kupoza injini. Maji ya moto yalimrukia yakamwunguza mkono tangu kiganja hadi kiwiko. Walirudi Mlandizi wakivutwa na lori la mkaa, barua ya posa ikiwa bado mfukoni mwa Maulidi.

Kule Maneromango, Mzee Mwinyijuma, baba wa Kudra, alikuwa amechinja mbuzi na kukusanya ndugu. Walikaa wakangoja mpaka jua likazama. Kesho yake alituma neno fupi: waje Jumamosi inayofuata. Wasipofika, wasihangaike tena, maana binti yake ana mposaji mwingine. Yassin aliposikia hayo, maumivu ya mkono aliyasahau kabisa.

Gari lilipelekwa kwa fundi Evodius. Fundi alifunua rejeta, akachungulia, akamtazama Yassin.

"Haya ni maji au ni chai ya tangawizi? Nani anatia maji humu?"

Yassin alijikuna kisogo. Ni yeye. Kila asubuhi alichota maji katika kisima cha nyuma ya nyumba, maji ya chumvi ambayo hata sabuni haikutoa povu ndani yake, yale yale yaliyoliachia birika la nyumbani ukoko mweupe. Alidhani maji ni maji. Mwaka mzima alikuwa akilinywesha gari chumvi na kutu, huku akijiona mtoto mwema anayemsaidia shangazi.

Evodius alibadilisha mpira wa kupitishia maji uliopasuka, lakini uwanja wake ulikuwa umejaa magari ya watu, na gari lilitoka kwake Ijumaa magharibi. Alimweleza Bi Sikudhani kazi iliyobaki: maji yote yamwagwe, mfumo uoshwe kwa maji yasiyo na chumvi, kisha itiwe kulanti, yale maji ya kijani yanayozuia kutu na kuchemka. Bi Sikudhani alisikiliza, akauliza, akauliza tena.

"Kumbe ni kama kuosha mchele," alisema. "Unaosha mpaka maji yatoke meupe."

"Hapo umemaliza, mama," Evodius alijibu. "Ila usifungue kitu kikiwa cha moto."

Gari la kukodi lisingepatikana. Ilikuwa Shaabani, mwezi ambao kila mtu anaoa kabla ya mfungo kuingia, na kila chombo cha Mlandizi kilikuwa kimeshachukuliwa. Na Bibi Saburi, mama mzazi wa Bi Sikudhani na Maulidi, ambaye bila yeye posa isingekuwa na uzito, asingeweza kupanda pikipiki na magoti yake yale. Ilikuwa gari hilo au hakuna safari.

Jumamosi baada ya swala ya alfajiri, Bi Sikudhani alifunga khanga kiunoni, akatandika gunia chini ya gari na kujilaza chali. Yassin alimtazama mwanamke huyo mnene akijisogeza mvunguni kidogo kidogo, na moyo wake ulimwuma kwa upendo na aibu. Kizibo cha chini ya rejeta kilipolegea, maji ya rangi ya udongo yalitiririka katika beseni. Mara akasikia sauti ya shangazi kutoka chini.

"Fukuza kuku. Hayo yakinywewa, yanaua."

Walijaza maji ya mvua kutoka kwenye tangi la bati, wakawasha injini. Bi Sikudhani akafungulia kipasha joto cha ndani ya gari hadi mwisho. Maulidi, aliyekwisha kuvaa kanzu na koti, alimwona dada yake amerukwa na akili.

"Dada, joto lote hili la Mlandizi halikutoshi?"

"Nataka maji yapite kila chumba," alijibu. "Nyumba haifagiwi sebuleni tu."

Injini ikapata moto, akaizima. Sasa ilibidi wangoje ipoe. Saa mbili, waliyopanga kuondoka, ilipita. Bi Sikudhani alikaa mkekani, akavuta ungo, akaanza kuchagua mchele wa Jumatatu. Yassin alizunguka gari, akazunguka tena. Alimfikiria Kudra, akamfikiria yule mposaji mwingine ambaye hamjui hata sura. Mwisho uvumilivu ulimwisha, akaokota kitambaa akausogelea mfuniko.

"Yassin."

"Naam, shangazi."

"Mkono huo umeshapona?"

Aliutazama mkono wake uliofungwa bendeji, akakiweka kitambaa chini. Shangazi akaendelea kutoa vijiwe kwenye mchele.

Maji ya pili yalitoka mekundu. Ya tatu yakatoka na rangi ya mchaichai. Maulidi alichungulia beseni akasema inatosha, hakuna mkwe anayechungulia rejeta. Hata Bibi Saburi, aliyekaa kitini na ushungi wake mpya, alianza kuguna. Yassin alitamani kuungana nao. Lakini alimwona shangazi akijaza maji upya bila hasira wala haraka, akakumbuka kwamba katika miaka yote hajawahi kumwona akimpakulia mtu chakula kisichoiva, hata wateja wagonge meza vipi.

"Maulidi," Bi Sikudhani alisema, "mpigie Mzee Mwinyijuma. Mwambie tutachelewa, lakini tunakuja."

Maulidi alipiga, akaeleza kwa maneno mazuri. Mzee alijibu neno moja, "Nimesikia," akakata simu.

Maji ya nne yalitoka meupe. Hapo ndipo Bi Sikudhani alipofunga kizibo na kuanza kumimina kulanti, polepole, kama anayetia tui la mwisho kwenye mchuzi. Injini ikawashwa mfuniko ukiwa wazi, mapovu yakapanda yakipasuka, naye akaongeza kidogo kidogo mpaka mapovu yakakoma. Akafunga. Akanawa mikono kwa sabuni, akavaa baibui, akashika usukani mwenyewe. Kulanti iliyobaki akampa Yassin aipakate.

Kwa mila ya kwao, mwoaji haingii kwa wakwe siku ya posa. Yassin alikwenda kama msaidizi wa gari, kwa sharti la kubaki garini watakapofika. Walipita Kibaha, wakapita Kiluvya, wakaingia Kisarawe. Gari lilipanda vile vilima vilivyowaaibisha, na mshale ukatulia katikati. Bibi Saburi alisinzia. Hata Maulidi alianza kupiga mluzi.

Walipoikaribia Masaki, mshale ulisogea. Haukusogea sana, unene wa ukucha tu, lakini Bi Sikudhani aliuona. Aliwasha taa ya pembeni, akaliegesha gari kando ya magunia ya mkaa, akazima injini.

"Dada, usifanye hivyo," Maulidi alisema, na safari hii hakuwa anatania. "Tumeshakaribia. Adhuhuri hiyo inaingia. Tukikaa hapa, mtoto anaozwa kwingine."

Kweli, adhana ilisikika kutoka msikiti wa jirani.  Bi Sikudhani aligeuka nyuma akamtazama Yassin, na kwa mara ya kwanza siku hiyo Yassin aliona wasiwasi katika macho yake.

"Mwanangu, mke ni wako. Siwezi kukuamulia hili peke yangu. Tuende au tungoje?"

Kila kitu ndani ya Yassin kilisema twende. Aliliona jua, akaiona barabara nyekundu ikipotelea kwenye mikorosho. Pale pale, hatua chache nyuma, ndipo walipokwama wiki iliyopita. Akamwangalia shangazi, vumbi la gunia likiwa bado kisogoni mwake, mwanamke aliyeamka alfajiri akalala chini ya gari kwa ajili yake.

"Tungoje, shangazi."

Maulidi alishuka akaenda kuswali. Bibi Saburi aliamka, akaagiza muhogo wa kuchoma kwa muuzaji wa jirani, akala. Wakangoja. Bi Sikudhani alikuwa akigusa boneti kwa kiganja kila baada ya muda, kama anayempima mtoto homa, mpaka aliporidhika. Safari hii alimwachia Yassin afungue mfuniko. Hakukutoka mvuke wala sauti. Kulanti ilikuwa imeshuka. Hewa iliyojificha ndani ilikuwa imetoka na kuacha nafasi. Yassin akajaza kwa ile aliyoipakata tangu Mlandizi. Waliposhika njia tena, mshale ulirudi katikati na haukuondoka hapo.

Walipita kanisa la zamani la misheni, wakafika kwa Mzee Mwinyijuma watu wakiwa wameshaswali zamani. Wazee waliingia ndani. Yassin alibaki garini, nyuma ya nyumba, peke yake na moyo wake. Hakusikia kicheko, hakusikia vigelegele. Muda ulipita mpaka akaanza kuyaamini mabaya yote.

Kisha mlango wa uani ulifunguka, akatoka mzee mrefu mwenye kofia iliyodariziwa kwa mkono, akaja moja kwa moja kwenye gari. Yassin alishuka haraka.

"Shikamoo, mzee."

"Marahaba." Mzee Mwinyijuma hakumtazama. Aliweka kiganja juu ya boneti, akakiacha hapo. "Leo halikuchemka."

"Halikuchemka, mzee. Tunaomba radhi kwa kuchelewa."

"Baba yako mdogo anasema mlisimama Masaki, adhana inaadhiniwa, safari imebaki kidogo. Anasema wewe ndiye uliyesema mngoje."

Yassin aliona mambo yamekwisha. Hakutaka kumtwisha shangazi lawama. "Ni mimi, mzee."

Mzee aliondoa kiganja kwenye boneti. "Wiki ile," alisema, "nilikasirika, lakini si kwa kuchelewa. Watu huchelewa. Nilikasirika kwa kutofika. Nyama niliigawa kwa majirani, na mwanangu aliingia chumbani akalia, nami sikuwa na la kumwambia. Nilijiuliza, huyu atamchukua binti yangu amfikishe wapi?" Sasa alimtazama. "Mtu anayekaribia anachokitaka, akakubali kusimama ili asikiharibu, huyo naweza kumpa mtoto. Posa yako nimeipokea."

 Machozi yalimtoka Yassin, naye hakuyaficha. Vigelegele vikapanda ndani ya nyumba, na kimoja kilikuwa kirefu na cha taratibu kuliko vyote. Hakuhitaji kuambiwa ni cha nani. Mlango wa uani ukafunguka tena kidogo, mkono wa binti ukatoa sahani ya pilau iliyofunikwa, ukaiweka kizingitini. Ilikuwa bado ya moto, walikuwa wamemtunzia.

Baada ya Ramadhani Yassin na Kudra walioana, na bibi harusi aliletwa Mlandizi katika gari lile lile, shangazi akiwa kwenye usukani. Vijana wa magari ya msafara walimpita wakimpigia honi, na Maulidi aliyeketi mbele akamsihi dada yake akaze mwendo kidogo. Yassin ndiye aliyemjibu kutoka kiti cha nyuma, mkono wenye kovu ukiwa umeushika wa mkewe: "Mwache, baba mdogo. Kawia ufike."